Kaka Yangu Afande Alinunua Maparachichi Yake Mwenyewe Kanisani

Admin, jina langu lifunike kama sufuria ya ubwabwa. Nina miaka 47, mke mmoja, watoto wanne, fundi pancha wa malori hapa Uyole. Ila msione mikono ina grisi mkanidharau. Mimi ni mtoto wa bahati. Nina ekari tano za parachichi kule Iringa, zinazaa mpaka matawi tunayaegesha kwa miti, na nilipewa bure na kaka yangu. Madereva wa Zambia wamenisimulia dunia nzima, fundi pancha mwingine kama mimi hawajamwona.

Kaka mwenyewe ni mtoto wa baba mkubwa. Tumekulia nyumba moja Mlandege, Iringa. Siku ya usaili wa jeshi tulikimbia wote, nikamwacha mbali kabisa. Yeye akachukuliwa, mimi nikarudishwa kisa jino la mbele halipo. Mpaka leo najiuliza, kwani vitani wanang'atana? Sasa ni mkubwa, mabega yamejaa vyeo. Mama yangu mzazi akimwona anasimama. Mimi nikiingia ananiambia, "Viatu hivyo, vua!"

Miaka sita iliyopita akanipigia simu: "Mdogo wangu, wewe ndiye nakuamini. Kuna shamba nataka liandikwe jina lako." Ekari arobaini, na humo ndimo zimo zile tano zangu. Nikasaini. Uzio na pampu akafunga mfanyabiashara anayepeleka chakula kambini kwake. "Ni asante ndogo tu," kaka alisema. Palizi wanapiga askari wake, wanashushwa na lori wamevaa fulana tu ili sare zisionekane. Mwaka huu niliwapikia maharage. Mmoja akala sahani tatu, akasema, "Bosi, ya kambini tunaanza kwa kutoa wadudu." Nikacheka, halafu kicheko kikaniisha. Maharage hayo analeta yule yule aliyetufungia pampu. Pampu yetu ndiyo inawalisha wadudu.

Huruma ninayo jamani. Lakini kinachonitafuna zaidi ni wivu.

Siku ya mavuno nikapeleka kanisani kwetu Iringa kreti kumi kama sadaka yangu. Suti, tai, kila kitu. Mchungaji akasema, "Mkulima wetu huyo!" Vigelegele. Kaka yuko benchi la mbele, hawezi kufungua mdomo. Mnada wa sadaka ulipoanza watu wote wakamgeukia yeye, mkubwa wa jeshi atakaaje kimya? Akanunua kreti zote kumi, matunda yake mwenyewe! Nje akanibana mkono huku anatabasamu. "Umefurahi sasa?"

"Kamwene, Afande," nikamsalimia kwa Kihehe, kwa heshima zote. Raha ile sijawahi kuipata hata siku ya harusi yangu.

Sasa wiki iliyopita wachunguzi wawili wa rushwa wamekuja kijiweni kwangu. "Lile shamba ni lako?" Nikawaomba mpaka Jumatatu, nikasingizia kichwa. Nikisema ni langu, wataniuliza fundi pancha alipata wapi hela, nifungwe mimi. Nikisema la kaka, namzamisha mtu aliyemsomesha binti yangu mpaka chuo. Na nikimficha, wale askari wataendelea kuchambua wadudu.

Nilimwambia mke wangu nataka kusema ukweli kwa ajili ya haki. Akanicheka. "Baba Neema, wewe huumii kwa sababu anaiba. Unaumia kwa sababu meno yake yalikuwa kamili."

Jana kaka kapiga. Sauti ndogo, sijazoea. "Mdogo wangu, kumbuka, shamba ni lako." Miaka sita nilikuwa nasubiri neno hilo, kaja kulisema sasa.

Ndugu zangu wa page hii, mngekuwa nyie, Jumatatu mngewajibu nini wale watu? Niambieni, hata kwa matusi napokea.

Ila msiniite mla rushwa wa ekari tano. Hakunipa. Niliwadanganya pale juu. Sina hata mti mmoja.