Mkwe Aliyeimbisha Ndivani

Juma lililopita nilipanda Vudee, kijijini kwetu milimani Upare, kumzika mtu tuliyemwita Mkwe. Binti yake ndiye aliyenipigia simu, akaniomba jambo moja: baba yake aimbiwe kaburini ule wimbo wake wa maji. "Kaka, wewe umekulia kule," alisema. "Watafute wanaoujua." Nikamjibu kwamba hilo ni dogo.

Mkwe alikuwa Mgiriki. Alizaliwa tambarare, kwenye mashamba ya mkonge chini ya milima yetu, ambako baba yake alikuwa fundi wa mitambo. Ujanani alipelekwa kusoma Ugiriki, na huko akatunga nyimbo za kuisema serikali ya wanajeshi. Wakamfunga. Alipotoka alirudi Same, akaoa binti wa Vudee, akaja kuendesha mashine ya kusaga jirani na kwa bibi yangu. Ndiyo maana kijiji kizima kilimwita Mkwe. Jioni, mashine ikishazimwa, alikaa mlangoni na chombo chake cha nyuzi chenye shingo ndefu, nyusi nyeupe kwa unga, na sisi watoto tuliotumwa kusaga hatukuwa na haraka ya kurudi nyumbani.

Lakini nyimbo zake hasa alizitoa kwenye msaragambo. Kama umekulia kwingine, nikueleze: pembe ilipolia asubuhi, kila nyumba ilitoa mtu kwa kazi ya wote. Mara nyingi kazi hiyo ilikuwa kuzibua mifereji na kutoa tope ndani ya ndiva, lile bwawa la udongo lililokusanya maji ya chemchemi usiku ili asubuhi yafunguliwe kwa zamu kwenda mashambani. Bado naisikia harufu ya tope lile jeusi, na ya makande yaliyotokota pembeni kwa ajili ya wafanyakazi. Mmoja aliimbisha, wengine waliitika, na majembe yalishuka pamoja na kiitikio. Kumdakia mwimbishaji maneno yake ilikuwa utovu wa adabu, sawa na kumnyang'anya mtu jembe mkononi.

Ukaja mwaka wa ukame. Maji yalitufikia yakiwa membamba kama uzi, na kila mtu alijua yalikoishia: kwenye bustani ya mwenyekiti wa kijiji. Hakuna aliyethubutu kusema. Siku ya msaragambo Mkwe aliingia topeni hadi magotini, akaanza. Aliyauliza maji maswali, moja baada ya jingine, Kiswahili kikichanganyika na Chasu, lugha yetu ya Kipare: yamelala kwa nani, nani kayakaribisha, yamelishwa nini hata yakasahau njia. Sisi tukaitika, "Tuambie, maji, tuko hapa."

Mwenyekiti alikuja na mgambo. "Wewe Mkwe, kwenu walikufunga kwa mdomo huo huo. Hujakoma?"

"Walifunga mikono, mwenyekiti. Mdomo waliusahau."

Watu wakacheka, lakini mgambo walikuwa wameshamshika. Bibi akapanda kutoka topeni, kanga kiunoni. "Mwanangu," alimwambia mwenyekiti, "ukimpeleka polisi Same, tutauimba mpaka mlangoni kwako. Yarudishe maji, wimbo utaisha wenyewe."

Hawakumpeleka. Baada ya siku chache maji yalirudi. Na wimbo ukaisha kweli, maana kwetu wimbo wa lawama huachwa lawama ikishamalizwa. Kuurudia ni kufukua ugomvi uliozikwa. Nakumbuka Mkwe akimmiminia bibi unga na kusema, "Kule hawakunisikiliza, nyimbo zangu zinaimbwa hadi leo. Ninyi mmenisikiliza, wimbo umekufa." Bibi alicheka. Yeye hakucheka. Baadaye alitunga nyingine, ya zahanati isiyo na dawa, na ya barabara iliyomezwa na mvua. Nazo zilishinda, nazo zikanyamazishwa.

Basi juma lililopita nilipita nyumba hadi nyumba, nikiwaamkia wazee na kuwauliza. "Marahaba. Wimbo wa maji? Mbona naujua!" alisema kila mmoja, kisha akaniimbia kiitikio. Nilipouliza Mkwe mwenyewe aliimbaje, walitazama pembeni. Mama mmoja aliyekuwa jirani yetu alinijibu kwa upole, "Yale yalikuwa maneno yake, mwanangu. Sisi tuliitika tu." Nikajichunguza nami, nikakuta vipande vya maswali, hakuna swali zima.

Siku hizi pembe hailii. Ndiva imejaa matete, maji huja kwa bomba, na yasipokuja kila mtu hulalamika peke yake kwenye simu yake.

Kaburini mchungaji alitupa nafasi. Binti wa Mkwe alinitazama. Tukasimama, sisi tuliobaki kati ya waitikiaji wake. Tulisubiri kwa muda ambao swali la Mkwe lingechukua, tukaitika. Tukasubiri tena, tukaitika. Na kila tuliponyamaza kumpisha, ulisikika udongo tu, ukishuka.