Uzi Uliopelekwa Kitisuru

Mvuje, kile kiungo cha mapishi ya Kihindi, ukiingia kwenye samli ya moto hutoa harufu kali inayoshika mapazia na nywele. Kila nikiinusa narudi kwenye nyumba yetu ya ghorofani, Kilimani, mwaka ambao wazazi wangu waliachana. Nilikuwa na miaka minane, kaka yangu Nikhil kumi na mmoja. Mama alipika akigongesha sufuria kuliko ilivyohitajika. Baba alikuwa ameshahamia Kitisuru kwa Ba, nyanya yetu mzaa baba. Kwa Wahindu wa rika la Ba, ndoa iliyofungwa kwa kuuzunguka moto haivunjwi, na aibu ya kusikizwa mahakamani ilimtisha kuliko kifo. Ndiyo maana familia mbili zilikubali kwenda kwa mpatanishi, waelewane kwanza, mahakama ije kuidhinisha tu.

Ofisi ilikuwa katikati ya jiji, ghorofa ya juu. Mpatanishi alikuwa mama wa makamo, mpole, ambaye hakuwa Mhindu wala hakujifanya kutujua. Mimi na Nikhil tuliketi nje ya mlango uliokuwa wazi kidogo, tukipewa biskuti ili tusisikie, nasi tukatafuna taratibu ili tusikie. "Hapa hakuna mtu anashtakiwa," alisema. "Heri nusu shari kuliko shari kamili." Tuligawanywa kabla biskuti hazijaisha: Nikhil kwa Baba, kwa kuwa Ba hakutaka mjukuu wa kiume atoke ukoo wake, mimi kwa Mama. Wikendi moja ya kila mwezi tungekutana. "Na sikukuu zenu?" akauliza mpatanishi. "Niambieni zile muhimu, mimi sizijui zote." Baba akasema Diwali. Mama naye akasema Diwali. Waliigombea Diwali hiyo mpaka chai ikapoa, wakaafikiana kupokezana, mwaka huu huyu, mwaka ujao yule. Hakuna aliyeitaja Raksha Bandhan, siku ambayo dada humfunga kaka yake uzi mkononi, naye kaka humwahidi ulinzi. Kila mtu alitoka akisema mambo yameisha vizuri, na Baba akamshikia Mama mlango wa lifti. Husemwa kuwa wapiganapo ndovu nyasi ndizo huumia. Wetu hawakupigana, walipatana, na nyasi ziliumia vilevile.

Agosti ikafika. Nilichagua uzi mwekundu wenye shanga za dhahabu, nikapanga sahani: unga mwekundu wa kumtia kaka kwenye paji la uso, punje za mchele, kipande cha peremende ya maziwa. Dada hali chochote mpaka amfunge kaka yake, kwa hiyo sikula. Saa sita ilipopita nikamuuliza Mama Nikhil anakuja saa ngapi.

"Leo si siku yetu," alisema. "Haikuandikwa kwenye makubaliano."

"Si umpigie Baba tu?"

"Nikimwomba leo, kesho ataniomba Diwali yangu."

Nililia kwa njaa na kwa hasira pia. Jioni Mama aliona haya, akamwita kijana wa bodaboda. Akautia uzi kwenye bahasha. "Ni hii tu, madam?" kijana akauliza akiipimapima mkononi. "Ni hiyo tu," Mama akajibu. Kisha akanilisha peremende kwa mkono wake, na sikuipenda. Nikhil alipokuja wikendi iliyofuata, uzi ulikuwa mkononi mwake, fundo limekaa upande. Nilimuuliza nani alimfunga, maana Ba mikono ilikuwa inamtetemeka.

"Nilijifunga," alisema. "Na meno."

Siku hiyo niliwachukia wote, hata yule mama mpole wa biskuti.

Sasa tumekuwa watu wazima. Wazazi wetu husalimiana vizuri kwenye harusi za jamaa, na watu huwataja kama mfano wa watu waliojua kuachana. Nikhil bado anaishi Kitisuru, mimi Kilimani, mwendo mfupi kwa gari, na hakuna karatasi wala mzazi wa kutuzuia. Lakini mazoea yana taabu. Kila Agosti nanunua uzi, nashinda bila kula, nikijiambia safari hii nitaupeleka mwenyewe. Mwaka huu hata viatu nilikuwa nimevaa ujumbe wake ulipoingia: "Sis, niko job. Tuma tu na rider." Nikautuma kwa bodaboda. Nilikula peke yangu, nikijua kwamba huko Kitisuru kaka yangu anakaza fundo kwa meno.