Paja la Shujaa Katika Nyumba ya Msonge

Siku yangu ya kwanza kazini niliulizwa maswali matatu tu, na nikayajibu vizuri kiasi kwamba sijaacha kujisifu hadi leo. Msimamizi Mkuu wa kituo, mama mrefu ambaye nadhani alilazimika kuinama hata akiwa nje chini ya mbingu, alinisimamisha mbele ya nyumba ya msonge. Ilikuwa ya fito na udongo, na paa lake la mabua lilikaribia kugusa ardhi. Akaniambia niwashe moto katikati yake. Kisha akauliza, "Umeona bomba la moshi?"

"Halipo," nikasema.

"Tutoboe tundu juu?"

"Ukitoboa, upepo utauvuta moto juu na nyumba itaisha kabla ya chai ya saa nne. Uache moshi ujipenyeze wenyewe kwenye mabua. Utaua wadudu na kukausha nyama ukiwa njiani."

Akanitazama juu hadi chini, safari ndefu kwake. "Haya umeyasoma chuo gani?"

"Jikoni kwa nyanya yangu, Kitui."

Akanipa ufunguo.

Kituo kilikuwa cha baraza la jiji la Birmingham, pembeni mwa mtaa wa Kingstanding, na kazi yangu iliitwa uelekezaji wa mambo ya kale. Maana yake unavaa kama watu wa zamani, unafanya kazi zao, na unajibu maswali ya wageni bila kucheka. Watu wetu walikuwa Wakelti, waliokaa visiwa hivi na sehemu kubwa ya Ulaya kabla Warumi hawajaleta barabara zao zilizonyooka. Wataalamu hubishana kama watu wa kisiwa hiki wenyewe walijiita Wakelti. Mimi huwaacha wabishane. Wageni wangu walitaka kujua walikula nini na walilala wapi.

Kabla ya hapo nilikuwa ghalani mtaa wa Nechells nikipanga masanduku mchana, na jioni nikisoma historia ya kale. Nilipata cheti katika umri ambao wenzangu walikuwa wakitafuta miwani yao. Sikukosa kipindi hata kimoja, hata theluji ilipofika kiunoni. Wanaosema Birmingham haijapata theluji ya kiunoni hawakupita njia niliyopita mimi.

Nilianza na moto, nikapandishwa hadi jiwe la kusagia, yaani mawe mawili ya mviringo, la juu likizunguka juu ya la chini na nafaka katikati. Dakika kumi zinatosha kukufanya umheshimu kila mwanamke aliyewahi kuzaliwa. Kisha nikapewa mavazi. Mkelti wa vita aliosha nywele kwa maji ya chokaa mpaka zikasimama kama za farasi, na shingoni akavaa kidani cha shaba iliyosokotwa, kilichoachwa wazi mbele. Nywele sikuwa nazo, lakini kidani kilinikaa. Nilipopelekwa kuzunguka shule za mtaa wa Castle Vale na suruali yangu ya miraba, msichana mmoja aliniuliza kama mimi ni Mkelti wa kweli.

"Wa kweli kabisa," nikamwambia. "Tawi la Kitui."

Sasa niwaeleze mwaka ambao nusura tupoteze kila kitu. Waraka ulikuja kutoka kwa Mkuu wa Idara kule jijini: nyumba ya msonge ina gharama, paa linataka mabua mapya, na pale mahali pangefaa kuegeshea magari. Angehudhuria karamu yetu ya mavuno, kisha aamue. Tulikuwa watatu tuliokuwa tukila kwa ile nyumba: Msimamizi Mkuu, mimi, na Mama Furaha wa Bukavu, aliyepika na kufagia na kututawala.

"Tumpe paja," Msimamizi akasema.

Paja lenyewe lilikuwa na desturi yake. Msafiri mmoja wa Kigiriki wa zamani aliandika kwamba kwenye karamu za Wakelti, paja la mnyama lilikuwa la shujaa aliyewashinda wote. Asiyekubali alisimama, na hapo hapo wakapimana nguvu. Kabla ya kupimana walijigamba: mababu zao walifanya nini, wao wenyewe wamefanya nini. Mpango wetu ulikuwa mwepesi. Nikate paja la kondoo, niulize kama kuna anayepinga, watu wanyamaze kwa adabu, nimkabidhi Mkuu wa Idara, apigwe picha, aondoke na shibe na huruma.

Kosa lilikuwa langu, na nalikubali kwa fahari. Nilitaka nyumba ijae, kwa hiyo nikazialika familia za kanisani kwa Mama Furaha, na mimi mwenyewe nikawaeleza desturi kwa Kiswahili, kwa madoido yangu yote. Nilieleza paja, nikaeleza ushujaa, nikaeleza majigambo. Nilichosahau kusema ni kwamba tunaigiza.

Siku ikafika. Moshi ulikuwa mahali pake, watoto wamekaa juu ya nyasi kavu kwa duara, Mkuu wa Idara kati yao na tai yake. Nikainua paja. "Hili ni la shujaa wetu kutoka jijini. Nani anapinga?"

Kimya cha adabu kilidumu kama nusu pumzi. Kisha Koko, mama yake Mama Furaha, akajiinua kutoka kwenye kigoda.

"Mi napinga," akasema kwa Kiswahili cha Bukavu, ambako papa ni baba. "Huyu papa alifanya nini?"

Msimamizi Mkuu alibadilika rangi mara tatu, nilizihesabu. Mama Furaha akaninong'oneza, "Papa Mutua, umetuua." Lakini watoto walikwisha kuanza kupiga makofi, na wajukuu wa Koko wakawa wanamtafsiria mgeni kwa Kiingereza kabla sijamzuia mtu.

Mkuu wa Idara akakohoa. "Mwambieni nimeongoza idara tatu."

Koko akasubiri tafsiri, akatikisa kichwa. "Mi nilibeba mashini ya kushona ku kichwa, toka Uvira mpaka ku kambi. Batoto bane nyuma yangu. Haikuanguka. Ku kambi nilishona nguo za batu bote. Yeye alibeba nini?"

Nyumba ilinguruma. Nilimwona yule bwana akifikiri, na ninaapa aliivua tai. Akasimama. "Babu yangu," akasema, "aliyeyusha shaba Nechells mpaka nyusi zake zikaisha. Alizaliwa nazo, akazikwa bila hata moja."

Wazee wa kanisa wakaguna kwa heshima. Hilo lilikuwa jigambo la Mkelti, kwa babu na kwa moto.

"Babu yako mwanaume kweli," Koko akakubali. "Na weye?"

Mkuu wa Idara akajitazama juu hadi chini. Kisha akacheka kicheko ambacho nadhani kilisikika Castle Vale, akachukua paja mikononi mwangu na kumpelekea Koko kwa mikono miwili. "Nimeshindwa, bab," akamwambia, maana hapa Birmingham hilo ni neno la upendo, na hata bibi mwenye wajukuu huitwa hivyo. "Lakini nataka marudiano mwakani."

Msimamizi Mkuu hakuwa mtu wa kuachia nafasi. "Mwakani nyumba haitakuwepo, bwana. Ni kwa mujibu wa waraka wako."

Tukasikia mafuta ya kondoo yakidondoka motoni. Mkuu wa Idara alilitazama paa, akamtazama Koko, ambaye tayari alikuwa akitafuna.

"Siwezi kushindwa ndani ya nyumba halafu niibomoe," akasema. "Watasema nina hasira."

Mabua mapya yalikuja majira yaliyofuata. Marudiano nayo yakaja, akashindwa tena, na tena mwaka wa tatu, hadi alipostaafu akiwa ameongeza mjomba na shangazi wawili kwenye majigambo yake bila mafanikio.

Nami nimestaafu sasa. Vijana mnaoingia kazi hii huja na kompyuta na picha zinazotembea ukutani, na nazipenda. Ila nawaomba jambo moja: msiogope mgeni anapoichukulia desturi kama kitu cha kweli. Wakelti hawakuwaachia wenzao mambo yao kwa maandishi. Waliyaweka vichwani na vinywani, na kitu cha mdomoni huishi pale tu mtu anapokijibu.

Siku yangu ya mwisho, Msimamizi Mkuu alikata paja kwa mkono wake. Akatangaza kwamba ni langu, akauliza nani anapinga.

Wakasimama wote, Mama Furaha wa kwanza. Nikaanza kujigamba tangu Kitui, na nilipomaliza nyama ilikuwa imepoa, lakini walikuwa wamekaa chini mmoja mmoja.