Ruta Tatu na Kengele ya Mama

Fundi wa mitandao aliwafungia watu intaneti nzuri majumbani mwao, ila ya kwake ilikuwa ya kusuasua, kama ilivyo kwa mafundi wengi. Alishtuka mama yake alipoanza kuanguka. Mkewe alikuwa akishinda kazini, yeye akishinda juu ya nguzo, na mama akibaki peke yake chumba cha uani. Akamnunulia kitufe cha kuvaa shingoni. Akikibonyeza, simu ya mwanawe ingelia popote alipo, mradi nyumbani kuna mtandao.

Kwa hiyo mtandao haukutakiwa kukatika kabisa. Ruta ya kwanza aliifunga kwenye laini ya waya, ya pili akaitia laini ya simu, moja ikifa nyingine ishike. Kuta zilikuwa nene, akaongeza ya tatu chumbani kwa mama. Zote akazipa betri za akiba.

"Ruta tatu, na kitanda chetu bado kimeegemea tofali," mkewe alimtania.

Fundi akachomoa laini ya kwanza kujaribu, mama akabonyeza, simu ikalia. Akairudisha, akachomoa ya pili, ikalia. Akachomoa zote mbili, kimya. Alipozirudisha, simu ikalia yenyewe.

"Kitufe kinatunza," alieleza. "Mtandao ukirudi, kinatuma."

"Na radi je, baba?" mama aliuliza.

"Radi niachie mimi, mama."

Alijibu huku akikusanya bisibisi zake. Naye alikuwa amelelewa kwa sheria ya mama: ngurumo ya kwanza tu, zima swichi, chomoa kila chenye taa. Radi iliwahi kuunguza redio ya marehemu baba, na mama hakulisahau jambo hilo.

Siku ya mvua kubwa fundi alikuwa kwa mteja. Alitazama simu mara kwa mara. Haikulia, moyo wake ukatulia.

Jioni alimkuta mama sakafuni, hatua chache kutoka kitandani. Aliteleza akirudi kulala. Nyonga ilikuwa imevunjika, na kidole gumba kimevimba kwa kubonyeza. Ukutani nyaya zote zilikuwa zimechomolewa, zimekunjwa vizuri na kufungwa kwa uzi. Hata betri alizizima.

"Nimezizima, baba," alisema kwa taabu. "Zisije zikaungua. Umezihangaikia sana."

Hospitalini hakukaa sana.

Baada ya mazishi mkewe alisema, "Ziwashe au ziondoe. Siwezi kuziona hivi."

Fundi akafungua uzi, akachomeka ruta moja baada ya nyingine. Taa zikawa nyekundu, kisha kijani. Kitufe kilikuwa juu ya kitanda cha mama, ndani ya mfuko wa nguo zilizorudishwa kutoka hospitali.

Simu ikalia mfukoni mwake. Ikanyamaza, ikalia tena, na tena. Kwenye kioo paliandikwa Mama.

Mkewe alinyoosha mkono aizime.

"Iache," fundi alisema. "Iache imalize."