Dakika Moja ya Kimya kwa Mbithe

Nayaandika haya ili kumbukumbu ziwe sawa, kwa maana hapa Buruburu kisa changu kinasimuliwa vibaya.

Vijana wanaotengeneza filamu ya kutetea haki ya chakula mitaani walikuja kurekodi habari za marehemu mke wangu, Mbithe. Alilima managu nyuma ya nyumba na kuwagawia majirani waliokosa mboga, mpaka kiwanja kile kikazungushiwa ukuta na mtu tusiyemjua. Nikiwa nimeketi jikoni mwake, niliulaani ukuta huo kwa ufasaha wote wa mtumishi wa umma mstaafu.

Nilipomaliza, Achieng, mwelekezi wao, akasema kwa upole, "Mzee, umeongea fiti sana. Sasa wote tunyamaze dakika moja."

Moyo ulinijaa. Tangu mazishi, hakuna aliyempa Mbithe heshima kama hiyo. Nikasimama, nikavua kofia, nikainamisha kichwa. Vijana nao walitulia tuli, mmoja wao amefumba macho. Adabu iliyoje! Nikashindwa kujizuia.

"Mbithe," nikasema, "wageni wamekukumbuka. Managu ya hotelini hayana mkono wako. Njoo hata ndotoni." Nikafunga kwa "Amina" ya kujaza kanisa.

Yule aliyefumba macho akavua hedifoni.

"Pole, mzee, itabidi turudie," akasema. "Nilikuwa narekodi tu venye hii jikoni husikika ikiwa haina mtu."