Kinu cha Vitufe

Juzi kompyuta ya mteja iligoma kufungua programu, ikidai kuna faili halipo. Wenzangu huliita faili la pamoja. Mimi huliita kinu, na kila nikikutana nalo nasikia harufu ya mazutu, dizeli ya jenereta, kule mjini Baraka, kando ya ziwa, nikiwa mtoto wakati wa vita.

Tantine Riziki, mdogo wake mama, alikuwa sekretari wa kituo cha afya. Alifuta mchezo wa karata kwenye kompyuta, na programu ya kuagizia dawa ikafunguka bila kitufe hata kimoja. Dirisha lilikuwa tupu kama nyumba za waliovuka ziwa kukimbia vita.

"Byote bilikuwa binatumia faili moya, na ile faili ilienda na karata," alinieleza. "Ni sawa na kinu ya Mama Neema."

Hapo nilielewa. Jirani yetu Mama Neema alikimbilia ng'ambo na kinu chake, na mtaa mzima ukakosa pa kutwangia sombe, kisamvu chetu.

Disketi yenye faili hilo ililetwa na boti kutoka Kigoma, ng'ambo ya ziwa, ikinuka ndagala, dagaa wa ziwani. Mashine ilikwaruza kidogo, vitufe vikarudi. Nikawahurumia watu wa Kigoma.

"Sasa kule batatwanga na nini?"

"Kwabo iko, na huku iko. Tulifanya kopi tu."

Baba alikuwa kwenye kambi ya wakimbizi, ng'ambo hiyohiyo.

"Tantine, fanya kopi ya Baba."

Akanishika kichwa. "Baba yako hana kopi. Tutamungoya yeye mwenyewe."

Mahindi yalipokomaa Baba alishuka botini mwenyewe, kinu begani, Mama Neema nyuma yake.