Mbio Zilizodumu Msimu Mzima wa Mvua

Sisi wa zamani tulikuwa na mambo! Msinicheke. Ndiyo, bado niko kwenye benchi la shule, na ndevu zangu unaweza kuzipeperusha kwa pumzi. Lakini nikiwatazama wadogo wa darasa la kwanza, wanaosikia habari za Ulaya kwenye redio ya Padri jioni ileile, nawahurumia. Wakati wetu hapa Karuba, habari ilipanda mlima kwa miguu.

Tulikaa darasani tukinuka moshi na maziwa, viazi vya kuchoma vikituunguza mifukoni, na Mwalimu Paulo akitubandikia ukutani foto za magazeti ambayo Padri alikuwa amemaliza kusoma. Kati ya watu wote wa ukuta ule, tulimpenda mmoja: kijana wa Tunisia, mkimbiaji wa mbio fupi. Jina lake lilikuwa refu kuliko mbio zake, basi tukamwita Mutunisi. Kwao alianza kukimbia pekupeku mchangani. Wakampeleka Ufaransa, mara ya kwanza akaondoka kabla bastola haijalia, wakamtoa uwanjani. Tulinuna siku nzima. Gazeti lililofuata, ameshinda. La baadaye, ameshinda tena, mji baada ya mji, mpaka akachaguliwa kwenda mashindano ya mataifa yote.

Rafiki yangu Bauma ndiye aliyeugua ugonjwa huo wa Mutunisi kabisa. Hata akitumwa chumvi, kwanza anainama, mikono chini kama Mutunisi kwenye foto, halafu anafyatuka. Papa yake alikuwa na ngombe wengi na mtoto mmoja tu wa kiume, naye anashinda shuleni; akaona hesabu hiyo haina maana. Siku moja akaingia darasani kumtoa, fimbo mkononi, akasimama mbele ya ile foto.

— Huyu iko anatafuta nini chini? Anakamua ngombe gani?

— Anangoja kukimbia na Bazungu, Papa, Bauma akajibu.

— Na Bazungu! Papa akacheka mpaka akashika ukuta. Sikia, mutoto. Siku huyu atawapita Bazungu mbele ya macho yao, ngombe nitachunga mie mwenyewe. Akishindwa, unaacha masomo, unashika hii fimbo.

— Mumesikia wote? Mwalimu akatuuliza haraka.

— Tumesikia!

Basi tukaomba. Mvua inapiga, sisi rozari kila mapumziko. Mimi niliiahidi mbingu kwamba nitaacha kuiga sauti ya Padri, ahadi iliyodumu karibu mpaka jioni. Bauma alikonda, hata viazi akanipa. Na kumbe, mbio zenyewe zilikuwa zimekwisha zamani! Mutunisi alikuwa kwao, amelala, miguu juu ya mto. Gazeti tu ndilo lililokuwa limenasa matopeni, huko njia ya Sake.

Lilipofika, Mwalimu alitoka misheni mbio, viatu mkononi, gazeti kwapani. Tukamfuata mpaka malishoni kwa Papa Bauma. Papa hakujua kusoma, na siku ile haikuhitajika: Mutunisi kifua mbele, utepe umekatika, nyuma yake Bazungu midomo wazi kama vifaranga.

Papa akaitazama foto. Akaigeuza, akachungulia upande wa pili.

— Wenye kumupita wako wapi?

— Hakuna, Papa, Mwalimu akasema.

Papa akakohoa. Akamtazama Bauma.

— Na wewe unasimama hapa kufanya nini? Rudia kwa masomo!

Akainua fimbo yake, akaenda nyuma ya ngombe. Tulipiga kelele mpaka nadhani hata watu wa kijiji cha Mushaki walitusikia. Asubuhi yake kila mpita njia alimsalimu, «Jambo, Papa Mutunisi!» na yeye akapunga fimbo, kana kwamba ndiye aliyemzaa.

Bauma bado anakaa nyuma yangu, bado ananakili hesabu zangu, na bado anakosa, maana nami nakosa. Wadogo wa leo wanamsikia mshindi jioni; asubuhi wamemsahau. Huko Ulaya Mutunisi alikimbia muda wa kupiga chafya. Kwetu alikimbia msimu mzima wa mvua, na sisi sote mgongoni mwake.